Bei ya Omena Haipangwi na Ziwa Peke Yake



Katika soko la Kabianga, mnunuzi anayenung'unika kwamba gorogoro ya omena imepanda bei hupewa jibu lile lile kila msimu: "Ziwa limekataa." Ni jibu fupi, lenye adabu, tena halimlaumu mtu. Mama mchuuzi hulitoa kwa kuwa ndilo aliloambiwa na aliyemuuzia gunia, naye aliyemuuzia aliambiwa hivyo ufuoni. Mchuma chai aliyetoka kazini na ujira wake mkononi hana la kuongeza, kwani ni nani awezaye kulishtaki ziwa? Hununua nusu ya alichokusudia, akashika njia ya kambini.

Sisi tumelipima jibu hilo kama mawakili wapimavyo ushahidi, tukaona kwamba lina ukweli ndani yake, lakini si ukweli wote. Ziwa hukataa, naam. Hata hivyo, baina ya ufuo na sahani ya mlaji mna mambo mengi ambayo hayakutoka majini. Yalitoka kwa watu: waliotunga sheria, waliotoza ushuru, walioliacha soko bila paa, na sisi tulionyamaza. Nalo jambo lililofanywa na watu laweza kurekebishwa na watu.

SAMAKI MKAVU NA WATU WA MAJANI CHAI

Huenda msomaji akauliza: jarida la wapenda mageuzi lina haja gani na omena? Tunajibu kwamba siasa isiyofika kwenye sufuria ya mwananchi ni maneno matupu.

Kabianga si ufuoni. Katika jikoni za mababu wa Wakipsigis, maziwa, nyama na mboga za kienyeji ndivyo vilivyotawala, na samaki alikuwa mgeni. Mgeni huyo aliingia kwa milango miwili. Wa kwanza ni mashamba makubwa ya chai, ambayo tangu enzi za ukoloni yaliwakusanya vibarua kutoka Nyanza, Kisii, nchi ya Abaluhya na kwingineko, kila mmoja na chakula cha kwao. Wa pili ni elimu: shule ya serikali iliyofunguliwa Kabianga mwaka 1925, na katika siku zetu Chuo Kikuu cha Kabianga kilichotunukiwa hati yake mwaka 2013. Watoto walioketi benchi moja walijifunza kula chungu kimoja. Leo omena huliwa na Mkipsigis, Mjaluo, Mkisii na Mluhya bila mtu kuuliza ni chakula cha nani.

Lakini samaki mbichi ni msafiri mbaya. Bila barafu, ngege aliyevuliwa alfajiri huanza kuharibika kabla jua halijatua. Ndiyo maana samaki awafikiaye walio wengi huku vilimani ni yule aliyehifadhiwa: omena aliyeanikwa juani, ngege aliyepasuliwa, akatiwa chumvi na kukaushwa, ambaye Wajaluo humwita obambla, mbuta aliyefukizwa kwa moshi, na ile mifupa ya mbuta iliyokaangwa kwa mafuta, maarufu kwa jina la mgongo wazi. Samaki wa namna hii hahitaji jokofu. Hununuliwa kwa kipimo kidogo, kulingana na uwezo wa siku hiyo. Konzi moja ya omena yatosha kuupa ugali na sukuma wiki ladha na nguvu, na kwa kuwa omena huliwa mzima pamoja na mifupa yake, humpa mtoto vile vya kujenga mwili ambavyo wazazi wake hawawezi kumnunulia buchani.

Kwa hiyo bei ya omena inapopanda, familia ya mlalahoi haipunguzi anasa. Inapunguza chakula cha mtoto. Katiba tuliyoipitisha mwaka 2010, katika kifungu cha 43, inampa kila mtu haki ya kutokuwa na njaa na ya kupata chakula cha kutosha chenye ubora unaokubalika. Kifungu cha 53 kinamtaja mtoto peke yake na kumpa haki ya lishe ya msingi. Haki hizo hazikuandikwa ili zipambe vitabu vya mawakili. Ziliandikwa kwa ajili ya sufuria tunayoizungumzia hapa.

SAMAKI WA MASKINI ALIVYOGEUKA MALI GHAFI

Mwenendo wa bei tunaouona leo una historia. Mbuta aliingizwa katika Ziwa Viktoria miaka ya 1950 na 1960. Alipoongezeka, aliwameza samaki wengi wa asili, na katika miaka ya 1980 viwanda vya kukata minofu kwa ajili ya soko la nje vilifunguliwa kandokando ya ziwa. Tangu hapo mbuta mmoja aligawanywa kwa tabaka za watu. Minofu ilipanda ndege kwenda Ulaya. Kibofu chake, kikishakaushwa, kilitafutwa na wanunuzi wa Mashariki ya Mbali kwa bei ambayo mvuvi wa kawaida husimuliwa tu. Kichwa na mifupa vikabaki kwa ajili yetu. Jina la mgongo wazi ni jina la mzaha, lakini ndani ya mzaha huo mna hukumu kamili juu ya uchumi wa nchi hii: nyama imekwenda, tumeachiwa mgongo.

Kati ya mwaka 1997 na 2000, nchi za Ulaya zilifunga milango yao mara kadhaa kwa samaki wa ziwa letu, mara kwa hofu ya vijidudu, mara kwa kipindupindu, na mara kwa hofu ya sumu za kuulia wadudu. Bei ya mbuta ufuoni iliporomoka. Mlaji alifurahi kwa muda, lakini mvuvi na kibarua wa kiwandani walilia. Tulijifunza wakati huo kwamba bei ya chakula chetu ilikuwa ikipangwa katika ofisi za ng'ambo ambazo hatukuwa na mjumbe ndani yake.

Maskini alipoondolewa kwenye mbuta alikimbilia kwa omena, samaki mdogo ambaye wakubwa hawakumtamani. Kumbe naye hakuachwa. Viwanda vya chakula cha mifugo viligundua kwamba omena akisagwa hunenepesha kuku na nguruwe. Leo sehemu kubwa ya omena anayevuliwa haimfikii binadamu. Huingia katika magunia ya chakula cha kuku. Wachuuzi wenyewe wana lugha ya kupambanua: kuna omena wa kula na omena wa kuku. Hatuwalaumu wafugaji wa kuku, wengi wao wakiwa wanyonge kama sisi. Lakini ieleweke kwamba mama wa kambini akisimama mbele ya gunia hushindana na mnunuzi wa kiwanda mwenye lori na fedha taslimu, na katika shindano hilo mshindi anajulikana kabla ya kengele kulia.

LIPI NI LA ZIWA?

Tuwe waadilifu. Yako mambo ambayo kweli ni ya ziwa na ya majira.

Omena huvuliwa usiku kwa taa, zamani karabai za mafuta ya taa, na siku hizi taa za betri na za nguvu ya jua. Samaki huifuata taa pale penye giza. Mwezi unapong'aa, taa hupoteza nguvu zake, mavuno hupungua na bei hupanda. Katika siku za giza mavuno huongezeka na bei hushuka. Anayenunua kwa kuufuata mwezi hununua kwa nafuu, na wachuuzi wakongwe wanalijua hilo bila kalenda.

Mvua nayo ina hukumu yake. Omena aliyeanikwa juu ya mchanga au nyavu kuukuu akinyeshewa huoza, hunuka, na huishia kuwa wa kuku. Tena kuna miezi ya kufungwa kwa uvuvi wa omena upande wa Kenya, kwa kawaida kuanzia Aprili hadi Julai, ili samaki wapate kuzaana. Sisi tunaiunga mkono amri hiyo. Anayekula mbegu hatavuna. Lakini Kenya ina takriban asilimia 6 tu ya eneo la ziwa lote, na iliyobaki imegawanywa kati ya Tanzania na Uganda. Tunapofunga, dagaa wa Tanzania na mukene wa Uganda huvuka mpaka na kujaza pengo, kwa gharama ya safari ndefu zaidi. Shirika la Uvuvi la Ziwa Viktoria liliundwa kwa mkataba wa mwaka 1994 ili nchi hizi tatu zilitunze ziwa kwa pamoja. Mlaji wa Kabianga ana haki ya kuuliza ni lini ushirikiano huo utaonekana katika bei.

Hapo ndipo ziwa linapokoma na binadamu anapoanza. Mashua hutumia petroli, lori hutumia dizeli. Mwezi wa Julai mwaka 2023, kodi ya ongezeko la thamani kwa mafuta ilipandishwa kutoka asilimia 8 hadi 16. Wabunge waliokubali jambo hilo walikuwa na majina na maeneo ya uwakilishi. Ziwa halikupiga kura siku hiyo.

Na iko bei nyingine isiyoandikwa kwenye risiti yoyote. Katika fukwe nyingi za ziwa, mwanamke mchuuzi asiye na mtaji hulazimishwa kuutoa mwili wake kwa mvuvi ndipo auziwe samaki. Mtindo huo huitwa jaboya. Waumini wengi hupenda kuusimulia kama dhambi ya wanawake. Sisi twauona kwanza kama dhuluma dhidi yao, matunda ya soko ambalo mwenye mashua ana kila kitu na mwenye ungo hana kitu. Mwanamke akipata mkopo wa haki, au chombo chake mwenyewe kwa ushirika na wenzake, jaboya hupoteza nguvu. Mahubiri peke yake hayajaushinda mtindo huo.

HESABU YA GUNIA MOJA

Tulipoketi na mama mmoja mchuuzi, alitoa kwenye kibeti chake fungu la risiti zilizofungwa kwa mpira. Nyingine zilikuwa zimefifia hata maandishi hayakusomeka. Alituambia, "Wanangu, nyinyi mmesoma. Niambieni hizi pesa zilinunua nini." Hatukuwa na jibu la papo hapo. Tulirudi nyumbani tukapiga hesabu, nayo tunaiweka hapa kwa tarakimu za mfano, ili kila msomaji aweke tarakimu zake mwenyewe za wiki hii.

Tuseme mchuuzi amenunua gunia la omena ufuoni kwa shilingi 6,000, na gunia hilo hutoa gorogoro 30. Kila gorogoro imemgharimu shilingi 200. Nauli na upakiaji ni shilingi 600. Njiani na sokoni ametozwa ushuru mara tatu, shilingi 100 kila mara, jumla shilingi 300. Sasa ametumia shilingi 6,900, yaani shilingi 230 kwa gorogoro. Hapo bado hajauza.

Anafika sokoni. Hakuna paa wala ghala kavu. Mvua ya alasiri, ambayo katika nchi ya chai haihitaji mwaliko, inanyesha. Omena wengine wanalowa, wengine wanasagika kwa kukanyagwa. Tuseme amepoteza gorogoro 3. Zimebaki 27, nazo ndizo zitakazobeba gharama yote. Gawanya 6,900 kwa 27: kila gorogoro sasa imefikia shilingi 255 na ushei, kabla mchuuzi hajajiwekea hata senti moja ya faida.

Msomaji aitazame hesabu hii vizuri. Ushuru wote ulikuwa shilingi 300. Hasara ya kukosa paa ilikuwa gorogoro 3 zenye gharama ya shilingi 230 kila moja, yaani shilingi 690. Hasara hiyo ni zaidi ya mara mbili ya ushuru wenyewe! Wengi wetu tumezoea kulalamika kwamba ushuru ni mkubwa. Mzigo mkubwa zaidi ni ile kazi ambayo ushuru ulikusudiwa kuifanya, nao haukuifanya. Mchuuzi hulipia paa, kisha hulipia tena kukosekana kwa paa. Malipo yote mawili humwangukia mchuma chai anayenunua nusu gorogoro.

SHERIA YASEMAJE

Tukiwa watu wa sheria, tunaona ni wajibu wetu kuwaeleza wananchi kwa lugha wanayoielewa yale ambayo hufichwa katika lugha ya mahakama.

Kwanza, Jedwali la Nne la Katiba limeweka mikononi mwa serikali za kaunti masoko, leseni za biashara, biashara ya haki, vyama vya ushirika, na pia uvuvi. Kwa hiyo kiongozi wa kaunti anayemwambia mchuuzi kwamba soko ni kazi ya Nairobi amepotoka.

Pili, kifungu cha 209 kinaziruhusu kaunti kutoza ada kwa huduma wanazozitoa. Tuyasome maneno hayo polepole: huduma wanazozitoa. Ada ya soko ni malipo ya huduma, kama vile nauli ilivyo malipo ya safari. Kondakta akichukua nauli na gari lisiende, abiria hudai fedha zake. Kwa nini mchuuzi anayelipia soko lisilo na maji, choo wala paa aambiwe anyamaze?

Tatu, kifungu hicho hicho kinazikataza kaunti kutumia mamlaka ya kutoza kwa namna itakayodhuru shughuli za kiuchumi zinazovuka mipaka ya kaunti, au kuzuia bidhaa kusafiri nchini. Omena ni bidhaa isafiriyo. Akitoka Mbita au Homa Bay kuja huku, hupita Oyugis na Sondu. Akitoka Kisumu, hupita Ahero. Gunia likitozwa kwa sababu tu ya kupita, mwenye gunia ana haki ya kuuliza kama utozaji huo umekubaliwa na Katiba.

Nne, kifungu cha 210 kinasema hakuna kodi wala ada ya leseni itakayotozwa, kuondolewa au kubadilishwa ila kwa mujibu wa sheria. Askari wa soko anayetaja kiasi cha leo kwa kutazama ukubwa wa gunia na unyonge wa uso wa mwenye gunia hatozi ushuru. Anapora.

MKEBE NA MIZANI

Jambo jingine halisemwi sana kwa kuwa linawagusa wanyonge wote wawili, muuzaji na mnunuzi. Katika miaka ambayo bei ya gorogoro haikupanda, mara nyingi gorogoro yenyewe ilipungua. Mkebe hubonyezwa chini, au huwekwa kipande cha mbao ndani. Huko ufuoni nako mwenye gunia hushonewa nyongeza juu, ile iitwayo lumbesa, au huuziwa mchanga pamoja na samaki. Anayedhulumiwa kwa jumla hujifidia kwa rejareja. Mwisho wa mnyororo huo yupo mtoto.

Watu wa Kabianga wanaufahamu uchungu wa kipimo kuliko wengi. Mkulima mdogo wa chai hubeba majani yake mabichi hadi kituoni, akayatazama yakipimwa, na akaona kilo zikipunguzwa kwa ajili ya gunia na umande. Tumekuwa tukipigania mizani ya chai kwa miaka mingi, na hilo ni jema. Lakini mkulima huyo huyo, akitoka kituoni, hununua omena kwa mkebe uliobonyea bila kuuliza. Manabii wa kale waliwakemea wafanyabiashara waliokifanya kidogo kipimo na kuikuza bei ili wamnunue maskini. Nchini mwetu iko Sheria ya Vipimo na Mizani, Sura ya 513. Hatuhitaji nabii mpya. Tunahitaji mizani moja iliyokaguliwa, iwekwe mahali pa wazi sokoni, mtu yeyote aitumie bure.

FUNZO LA SONDU

Hatuwezi kuzungumza juu ya samaki wa huku bila kuitaja Sondu, soko la mpakani ambako kwa vizazi vingi Mjaluo alileta samaki, Mkisii akaleta ndizi, na Mkipsigis akaleta mifugo na maziwa. Palikuwa mahali pa kuonana. Mapigano ya kikabila yaliyoandamana na kurudi kwa vyama vingi mwanzoni mwa miaka ya 1990 yaliufikia mpaka huo, na watu waliokuwa wakiuziana walianza kuogopana. Mwaka 2023 damu ilimwagika tena huko. Mojawapo ya mambo yanayogombewa ni kaunti ipi iumiliki mji, na kwa hiyo ipi ikusanye mapato ya soko lake.

Tutafakari, ndugu zetu. Mama mchuuzi na mteja wake hawakuwa na ugomvi. Mmoja alitaka kuuza, mwingine alitaka kula. Ugomvi uko juu yao, katika swali la nani ataishika risiti. Kila soko linapofungwa kwa vurugu, omena huozea kwenye maghala ya upande mmoja na hupanda bei upande wa pili. Mwanasiasa anayewachochea vijana kwenda mpakani na mishale hatozwi hata shilingi moja ya hasara hiyo.

PINGAMIZI TUNAZOZITARAJIA

Wako watakaosema: serikali na ipange bei ya omena, mambo yaishe. Ni kweli kwamba iko Sheria ya Udhibiti wa Bei za Bidhaa Muhimu ya mwaka 2011, impayo waziri uwezo wa kuweka bei ya juu kabisa. Lakini wazee wetu wanakumbuka jinsi bei ziliposhikiliwa kwa amri: bidhaa zilitoweka rafuni, zikauzwa nyuma ya duka kwa wenye kujuana. Omena akipangiwa bei chini ya gharama yake, lori la kiwanda cha kuku litamchukua wote. Hatuombi bei ya amri. Tunaomba gharama zisizo za haki ziondolewe ili bei ishuke yenyewe.

Wengine watasema kwamba wachuuzi ndio walafi. Sisi twajibu: mchuuzi aliyeketi juani tangu asubuhi na gunia moja, akarudi nyumbani na faida isiyotosha kununua unga, hawezi kuitwa mlafi. Mlafi hutambulikana kwa tumbo lake.

Na wengine, hasa ndani ya makanisa, watasema kwamba haya ni mambo ya siasa. Tunakubali, ni siasa. Sehemu ya 2A ya Katiba ya zamani iliondolewa Desemba 1991 ili mwananchi apate kuchagua. Kuchagua viongozi kisha kutowauliza juu ya soko ni sawa na kununua jembe na kulitundika ukutani.

TUFANYE NINI?

Kwanza, kila mchuuzi adai risiti na aitunze. Vikundi vya wachuuzi vijumlishe risiti za mwezi mzima. Jumla hiyo ikishajulikana, waandike barua kwa kaunti chini ya kifungu cha 35 cha Katiba na Sheria ya Kupata Habari ya mwaka 2016, wakiuliza ni kiasi gani kilikusanywa katika soko lao na kilitumiwa kwa lipi. Sheria inataka ombi hilo lijibiwe ndani ya siku 21.

Pili, ada za kaunti hupangwa kila mwaka katika Mswada wa Fedha wa kaunti, ambao bunge la kaunti hulazimika kuushughulikia ndani ya siku 90 baada ya kupitisha sheria ya matumizi. Kabla ya hapo wananchi lazima wasikilizwe. Mikutano hiyo mara nyingi huhudhuriwa na watu wachache walioletwa kwa gari na kupewa soda. Tujae huko sisi wenyewe, tena na maandishi mkononi, kwa kuwa lisiloandikwa husahauliwa.

Tatu, Sheria ya Serikali za Kaunti ya mwaka 2012, katika sehemu za 15 na 88, inampa mwananchi haki ya kuliandikia bunge la kaunti na serikali ya kaunti ombi rasmi. Tunapendekeza ombi lenye mambo manne tu: paa na sakafu ya saruji kwa wauza samaki, vichanja vya kuanikia samaki aliyelowa na ghala kavu, mizani iliyokaguliwa, na ubao unaoonyesha ada zote pamoja na sheria inayoziruhusu.

Nne, Kericho na Bomet ni wanachama wa umoja wa kiuchumi wa kaunti za kanda ya ziwa, pamoja na Kisumu, Homa Bay, Siaya na Migori. Kifungu cha 189 kinaziruhusu kaunti kuunda mamlaka za pamoja. Basi na wakubaliane: gunia la samaki lilipiwe mara moja, na risiti hiyo iheshimiwe hadi mwisho wa safari. Hata Sondu ingepoa kama mapato ya soko yangegawanywa kwa mkataba badala ya kugombewa kwa mawe.

Tano, wachuuzi waungane katika ushirika. Watu kumi wanaonunua pamoja hukodi gari moja, hupata bei ya jumla, na hawamwogopi mwenye mashua. Makanisa yana kumbi zilizo tupu kutoka Jumatatu hadi Ijumaa. Zifunguliwe kwa mikutano ya wachuuzi na kwa mafunzo ya uraia, nasi wanasheria tujitolee kufundisha bila malipo. Wengi wetu tulisomeshwa kwa jasho la wazazi waliouza vitu vidogo vidogo katika masoko kama haya.

Yule mama tulimrudishia risiti zake, tukiwa tumezipanga kwa tarehe na kuzijumlisha. Aliitazama jumla kwa muda mrefu, kisha akauliza mkutano wa bajeti ni lini. Tulimwambia tutamjulisha tarehe itakapotangazwa. Naye ametuahidi kwamba hatakuja peke yake.